Malipo 43 kwa mwaka: hesabu ya mwigizaji wa nafasi ndogo Ufaransa

Hapa Mwanza mwigizaji wa nafasi ndogo hupewa posho ya siku, nauli ya bodaboda na ahadi. Wenzetu wa Ufaransa nao hawaitwi kila wiki, ila siku zao zinahesabiwa.

Mtazame mwigizaji Firmine Richard, mzaliwa wa Pointe-à-Pitre, Guadeloupe, kisiwa cha Ufaransa kilichoko Karibi, mwaka 1947. Aliingia kwenye filamu akiwa ameshavuka miaka 40, na akaanzia juu, kwenye nafasi kuu: mfagizi wa usiku, mama wa watoto watano, katika Romuald et Juliette (1989) ya Coline Serreau. Baadaye tukamwona kama mpishi Chanel katika 8 femmes (2002), filamu ambayo waigizaji wake wote wanane walipewa kwa pamoja tuzo ya Dubu wa Fedha kwenye tamasha la filamu la Berlin, kisha bibi wa familia katika La Première Étoile (2009). Kwa macho yangu, yule mpishi anabeba sebule nzima hata akiwa kimya.

Tatizo la nafasi kama hizo ni kwamba zina siku chache za kamera. Sura itajulikana, kodi ya nyumba itabaki palepale. Ndiyo sababu Ufaransa kuna saa 507: mwigizaji akizifikisha ndani ya miezi 12, analipwa fidia kwa siku anazokaa bila kazi. Kila malipo ya mkupuo, yasiyohesabu saa mojamoja, huandikwa saa 12, hata kama kamera ilimgeukia dakika 20 tu. Gawanya 507 kwa 12, unapata 42.25, yaani malipo 43. Kwa mwezi mmoja hayahesabiwi zaidi ya 28. Kufundisha uigizaji kwenye chuo kinachotambuliwa kunaongeza hadi saa 70, au 120 kwa aliyefikisha miaka 50.

Sini yake ikikatwa wakati wa kuhariri, saa zinabaki, maana siku aliifanyia kazi. Kinachozifuta ni prodyuza asiyepeleka hati ya mwezi inayoonyesha kazi hiyo, au anayelipa mkononi bila karatasi. Na kwa kuwa siku za filamu ni chache, mwenye akili hapuuzi tamthilia za televisheni, kuingiza sauti wala jukwaa dogo la mkoani; vyote vinaingia kwenye hesabu ileile.

Sisi hatuna dirisha la namna hiyo. Kuna kuchangia NSSF kwa hiari, na kuna mkataba. Humo andika siku, usiandike sini, kwa kuwa sini moja inaweza kurudiwa kesho yake. Nauli na chakula vikae nje ya malipo. Taja nani analipa siku ambayo upepo umezuia boti ya kwenda Ukerewe na kundi zima limekaa mwaloni hadi jioni. Na nusu ya fedha iingie kabla kamera haijawashwa. Ukisubiri filamu iuzwe kwanza, utasubiri sana.