Siku Wilhelmenia Fernandez alipoimba Kamalondo

Juzi binti yangu amerudi kutoka mazoezi ya korale amenuna. Maestro amewakataza kurekodi kwa simu. "Mama, sauti ikishatoka kinywani ni ya nani?" Nikakaa kimya, maana akili yangu ilikuwa imeshakwenda Kamalondo, mtaa wa Lubumbashi, kwa mama mkubwa.

Mjomba alikuwa ameleta kaseti ya video kutoka Ubelgiji, nakala ya nakala, picha imejaa mistari. Ilikuwa filamu ya Diva, ya Jean-Jacques Beineix, ya mwaka 1981. Sisi wasichana wa korale tuliketi mkekani tukimngojea mzungu aimbe.

Akatokea mwanamke mweusi. Gauni jeupe linang'aa, maikrofoni hana. Kabla ya kuimba alivuta pumzi, na nikaona mbavu zikipanuka, mabega yametulia tuli. Kila Jumamosi maestro wetu alitugombeza kwa jambo hilohilo: pumzi ishuke, mabega yasipande. Siku ile ndipo nililielewa, nilipoliona katika mwili uliofanana na wa mama zetu. Alikuwa akiimba Kiitaliano, wimbo wa La Wally, opera ya Catalani iliyotoka Milano mwaka 1892: msichana anaaga kwao, anakwenda mbali peke yake. Alianza chini, kama mtu anayejisemea. Sauti ikapanda bila haraka, na ilipofika juu kabisa haikukazana wala kupasuka. Ilizidi kuwa pana, hata spika ya televisheni ikakoroma. Mama mkubwa alikuwa uani akitwanga sombe. Aliacha mchi, akaja kusimama mlangoni, mikono imejaa majani.

"Huyu ni mtoto wa nani?"

"Mmarekani," mjomba akajibu.

"Nimeuliza ni mtoto wa nani."

Bastola na pikipiki zilizofuata sizikumbuki sana. Ninakumbuka kwamba mwimbaji wa kwenye hadithi, Cynthia Hawkins, hataki kabisa kurekodiwa, na kijana wa posta anamrekodi kwa siri. Mwishoni anamsikilizisha kaseti, naye anasema hajawahi kujisikia akiimba.

Nilipokuwa mtu mzima nikamtafuta mwimbaji mwenyewe, Wilhelmenia Fernandez. Mzaliwa wa Philadelphia. Aliimba nafasi ya Bess wa Porgy and Bess na Houston Grand Opera, akaimba Musetta wa La Bohème katika Opera ya Paris, na London ikampa Olivier, tuzo ya jukwaani, kwa mchezo wa muziki Carmen Jones. Pamoja na hayo yote, wengi wanamjua kwa filamu moja tu, na hilo linaniuma. Alifariki Kentucky, Februari 2024, akiwa na miaka 75.

Yaya wangu, yaani dada yangu mkubwa, tuliyeketi naye mkeka mmoja, anashikilia kwamba kijana yule wa posta ni mwizi tu. Ninamwambia bila kaseti mama mkubwa asingeacha mchi wake. Ananijibu kwamba Wilhelmenia aliikubali kamera, Cynthia alikataa; nisiwachanganye. Hapo huwa ninakwama, lakini bado sijamkubalia.