Kupiga filamu Sigui ya Wadogon

Hakuna kijiji cha Wadogon, watu wa Mali, kinachoona Sigui nzima. Sherehe hii hurudi kila baada ya miaka 60 kwenye genge la Bandiagara, na ikirudi hudumu miaka saba ikihama kijiji kwa kijiji. Kijiji cha Yougo kikimaliza sehemu yake, mwaka unaofuata zamu ni ya wengine. Kwa hiyo filamu za Wafaransa Jean Rouch, mpiga filamu, na Germaine Dieterlen, mwanaanthropolojia, kazi iliyoanza 1967 huko Yougo, ina thamani ambayo hata wenyeji hawakuwa nayo kabla: miaka yote imewekwa pamoja. 1968 ni Tyogou, 1969 Bongo, 1970 Amani, 1971 Idyeli, 1972 Yamé. Sehemu ya saba, ya Songo, ilipigwa 1974 kwa kuigizwa upya, kwani haikupigwa kwa wakati wake. Itazame kando na zile sita, maana pale wazee wanaonyesha jambo badala ya kulitenda.

Sigui inamkumbuka Dyongou Sérou, mtu wa kwanza kufa katika simulizi za Wadogon, aliyegeuka nyoka. Huchongwa Kinyago Kikuu kipya, hunywewa pombe ya uwele, na wanaume hucheza wakifuatana mstari mmoja kwa umri, wazee mbele na wadogo nyuma, mstari ukijipinda kama nyoka huyo.

Mstari huo ndio mtihani wa mpiga picha. Akisimama pembeni na kuvuta nyuso kwa lenzi ya zoom, atapata sura nzuri na kuupoteza mfuatano wa umri, ambao ndio habari yenyewe. Rouch aliikataa zoom waziwazi. Alishika kamera mkononi, bila miguu mitatu, akatumia lenzi pana na kutembea karibu na wachezaji. Lenzi pana husamehe mtikisiko na hupunguza haja ya kurekebisha fokasi kila hatua.

Mkanda nao una mipaka yake. Kamera za springi (za kujazwa kwa mkono kama saa) alizoanza nazo Rouch zilikwenda kama sekunde 25 tu kwa kila kujazwa, kisha densi inakatika vipandevipande. Roli la mita 120 la milimita 16, kwa fremu 24 kwa sekunde, hudumu kama dakika 11. Hapo mstari unaweza kupita wote mbele ya kamera bila kukatwa, lakini roli likiisha katikati, hakuna kurudia. Aliyekosa cha Tyogou mwaka 1968 amekikosa kwa miaka 60.

Sauti huharibika kimyakimya zaidi. Ngoma iliyo mita 34 mbali huchelewa sehemu moja ya kumi ya sekunde, yaani fremu mbili na zaidi, hata kamera na kinasa sauti vikienda sambamba kabisa. Dawa ni kumsogeza fundi sauti mpaka kwenye ngoma. Kwenye genge kuna pia mwangwi, ambao mhariri hawezi kuuondoa baadaye.

Ushauri wangu kwa mtazamaji: mara ya kwanza zima masimulizi. Ufafanuzi wa Dieterlen, kwamba miaka mitatu ya mwanzo ni ya kifo na minne ya mwisho ni ya uzima, ni tafsiri ya kitaalamu, nayo inatoka katika mkondo wa mawazo wa Marcel Griaule, mwanaanthropolojia Mfaransa aliyeandika sana juu ya Wadogon. Mwaka 1991 mwanaanthropolojia Mholanzi Walter van Beek alichapisha makala akieleza kwamba mengi ya elimu ya siri aliyoandika Griaule hakuyakuta kwa Wadogon aliokaa nao. Hoja hiyo haigusi picha. Nani anatangulia, nani anakalia nini, nani anakunywa kwanza: hayo yamo ndani ya mkanda, na ndiyo sehemu ninayoiamini kuliko sauti inayoyaeleza.

Kwa hesabu, zamu inayofuata inaanza 2027, na eneo la Bandiagara limekumbwa na vita kwa miaka mingi sasa. Nakala za filamu hizi zingepaswa kuwa mikononi mwa Yougo tangu sasa, zikiwa na ufafanuzi uliorekodiwa upya kwa Kidogon na wazee wa kila kijiji.