Siku Moja Maishani Mwangu: Sekunde 11 za Giza

Saa kumi na moja na nusu alfajiri nilikuwa nimesimama mbele ya dirisha la chumba alichokuwa akilala marehemu mama, nikikaza springi ya kamera yangu ya milimita 16. Kamera hii haina betri. Ikikazwa hadi mwisho huzunguka kwa takriban nusu dakika, kisha husimama, upende usipende, na mkanda mzima wa futi 100 haufiki hata dakika tatu. Ndiyo maana nilipiga picha ya pazia mara mbili tu, nikafunika lenzi.

Filamu ninayoitengeneza ni ya hali halisi, ingawa haina mahojiano, wala msimulizi, wala uso wa mhusika wake mkuu. Nilichonacho ni kaseti moja ya sauti ya mama. Picha yake inayotembea sina hata moja.

Tangu saa tatu asubuhi nilikuwa kwenye kompyuta nikihariri. Kila nilipoweka picha ya dirisha pale mama anapotaja dirisha, vyote viwili vilikufa, kwa kuwa picha iligeuka kielelezo tu cha maneno; nilipoisogeza mbele kwa sekunde nne, ikaanza kumtafuta. Nilirudisha pia mkwaruzo wa kaseti ambao mwezi uliopita niliuondoa kwa programu, maana ulikuwa umeondoka na mlio wa bawaba ya mlango, pamoja na pumzi anayovuta mama kabla ya kulitaja jina la baba.

Mchana nilinakili kazi kwenye diski mbili, basi.

Saa nane niliingia bafuni, nikazima taa, nikasafisha mkanda kwa dawa ninayoichanganya mwenyewe: kahawa ya unga, magadi ya kufulia na vitamini C. Harufu yake haivumiliki (simshauri mtu anayeishi na wenzake), lakini picha hutoka. Leo mkanda uligandana ndani ya tangi, ukatoka na mabaka. Agnès Varda, mwongozaji wa filamu wa Ufaransa, katika filamu yake ya mwaka 2000 kuhusu waokota masazo, aliacha kipande ambacho kifuniko cha lenzi kinaning'inia mbele ya kamera aliyosahau kuizima. Mimi sina moyo wa kuliita kila kosa sanaa. Baka linalopita juu ya pazia nimelibakiza kwa sababu linasogea kama mtu. Mengine nimeyakata.

Saa kumi na mbili jioni dada alikuja kutazama. Mama alipofika kwenye ule ugomvi wa urithi, dada akanishika mkono. "Hilo mama alikuambia wewe, mdogo wangu. Hakuwaambia watu."

Nilibisha kidogo, kwa kuwa ndiyo sentensi nzuri kuliko zote katika kaseti ile. Lakini mama hawezi tena kuulizwa ridhaa, na mkasi ninao mimi. Nilikata. Pengo sikuliziba: ni skrini nyeusi kwa sekunde 11, na mkwaruzo wa kaseti ukiendelea.

Sasa ni saa nne usiku, nimezitazama mara sita. Nahisi ni ndefu mno kwa mtazamaji asiyejua palikuwa na nini. Kesho nitajaribu tisa.