Mradi wa masika: kano ya kisigino kabla sizoni ya mlima haijarudi

Machi mwishoni

Wadau, mvua zimeanza Moshi, mlima Kilimanjaro haujaonekana siku kadhaa, wageni wamepungua na wapagazi wengi wameshapanda kwao Kibosho na Old Moshi kulima, kwa hiyo ndo wakati wenyewe. Masika hii nina mradi mmoja tu, kuirudisha kano ya nyuma ya kisigino cha kushoto iweze kushuka njia ya Mweka, ile ya kuteremkia mlima, bila kelele kabla sizoni haijafunguka Juni. Naandika hatua kwa hatua sababu watu wa mlima wenye hii kitu ni wengi mno na wanasema tu mguu umekaza, wanachua na mafuta ya moto, wanameza diklofenaki ya maumivu wanarudi geti la mlima, mwaka unaofuata unamkuta mtu anachechemea na bado ana mzigo kichwani.

Yangu ilianza na zile trip za kufuatana za mwanzo wa mwaka. Dalili ni hivi: asubuhi ukishuka kitandani hatua za kwanza mguu mgumu kama haujakunjwa miaka, ukitembea kidogo unalegea, mchana umesahau kabisa, jioni ukikaa chini ukala ukisimama tu inachoma tena. Hapo katikati ndo panapodanganya watu, maana kano ikipata joto inanyamaza na mtu anajua imepona. Ibane kwa kidole gumba na cha shahada, panda taratibu kutoka kwenye mfupa wa kisigino, kama vidole vitatu juu yake mimi nakuta uvimbe unaouma na kano yenyewe ni nene kuliko ya mguu wa pili, mtu anaweza hata kuiona kwa macho ukisimama mbele yake umempa mgongo.

Nilienda kwa fizio, yule mtaalamu wa mazoezi ya tiba, dada mmoja mtulivu sana. Akanilaza kifudifudi, nyayo zinaning'inia nje ya kitanda, akaminya shavu la mguu, nyayo ikajisukuma yenyewe kuelekea chini. "Kaka, haijakatika, tutafanya kazi," akasema. Hicho kipimo kijueni. Ukiminya shavu la mguu na nyayo ikabaki imetulia tu, kano imekatika, na mara nyingi mwenyewe anasema alisikia mlio pah na kuhisi kama kapigwa teke kwa nyuma, akageuka hakuna mtu. Huyo sio wa mazoezi ya nyumbani, huyo ni hospitali siku hiyohiyo, atawekewa plasta au buti maalum au atashonwa, na akichelewa kazi inakuwa ngumu zaidi.

Akanieleza kwa nini sisi inatupata. Hii ndo kano kubwa na yenye nguvu kuliko zote mwilini, inaunganisha misuli miwili ya shavu la mguu na mfupa wa kisigino, ukikimbia inabeba mara sita mpaka nane ya uzito wako, lakini damu inayofika pale sentimita mbili mpaka sita juu ya kisigino ni kidogo kwa hiyo ikichoka inajijenga taratibu mno. Mzigo ukiongezeka ghafla au ukija mfululizo, nyuzi zake zinavurugika badala ya kujipanga. Sa fikiria usiku wa samiti, wa kupanda kileleni, unatoka kambi ya Barafu mita 4,673 unaenda kilele cha Uhuru 5,895, mwinuko mkali masaa yote kisigino kiko chini ya vidole, kano inavutwa kila hatua, halafu siku hiyohiyo unageuka unashuka mpaka huko Mweka magoti na visigino vinapokea kila kitu. Na kesho kutwa kuna mgeni mwingine airport.

Aliniuliza pia kama natumia cipro. Nikashangaa. Kumbe zile antibayotiki za familia ya ciprofloxacin zinaweza kuidhoofisha kano hii hadi kuikata, Marekani tangu 2008 wameweka onyo kali kwenye maelezo yake, na hatari inazidi ukiwa umevuka miaka 60 au unatumia steroidi. Jamani wageni wangapi wanatuachia vidonge vyao vya kuhara tunagawana kambini kama pipi? Hiyo peke yake ndo ilinifanya niseme naandika. Sukari, gauti na umri navyo vinachangia.

Aprili

Kibao cha kufanyia zoezi alilonipa fizio kimepatikana. Nilienda kwa fundi seremala Pasua akaniuliza, "Mangi, unataka stuli ama ngazi?" Nikamwambia katikati. Amenitengenezea boksi la mbao ya mgrevilea, kimo kama cha ngazi ya kawaida, ukingo wa mbele ameupiga randa uwe mviringo usikate nyayo, juu kagongelea kipande cha tairi la gari nisiteleze. Nimekipenda kweli, kinakaa barazani kwenye ukuta sababu lazima uwe na mahali pa kushika.

Zoezi lenyewe ni la daktari wa Sweden anaitwa Håkan Alfredson, mwenyewe alikuwa anakimbia na ana kano mbovu, akachapisha matokeo 1998: wakimbiaji 15 waliokuwa wameumia muda mrefu, wiki 12 za hili zoezi wakarudi kukimbia wote. Unasimama ukingoni kwa sehemu ya mbele ya nyayo, visigino hewani, unapanda juu kwa miguu yote miwili, unahamishia uzito mguu mbovu, unashuka nao taratibu sana mpaka kisigino kipite chini ya usawa wa kibao. Kupanda tena unatumia mguu ule usioumwa. Mara 15 seti tatu goti limenyooka, tena mara 15 seti tatu goti limekunjwa kidogo ili ule msuli wa ndani nao ufanye kazi, asubuhi na jioni, kila siku. Jumla 180 kwa siku. Ni nyingi na zinachosha, siwadanganyi.

Na inauma. Hapo ndo wengi wanaachia. Fizio kanipa kipimo: sifuri hakuna maumivu, kumi hayavumiliki, mpaka tano endelea, mradi kesho asubuhi ule ugumu usiwe umezidi wa leo. Ukizidi punguza, usiache. Kulala tu wiki tatu mguu juu ya mto kunapunguza maumivu lakini kano inazidi kuwa dhaifu, ukirudi kwenye mzigo inakuuma kuliko mwanzo, ndo maana wenzetu wanapumzika masika yote halafu trip ya kwanza tu wanalia. Kano inataka mzigo, ila mzigo uliopimwa. Kutembea mjini natembea kawaida, kupanda Lema Road kwa haraka nimesitisha kwa sasa. Sindano ya steroidi kwenye kano akaniambia nisikubali, inatuliza leo inaidhoofisha kesho.

Mei

Kibao bila uzito kimeshakuwa rahisi, na fizio alisema kikiwa rahisi lazima uongeze, vinginevyo unacheza tu. Kwa hiyo begi langu la siku sasa lina maharage, nilianza na kilo tano, ikizoeleka naongeza mfuko mwingine. Mama watoto kaniuliza kama maharage yanarudi jikoni ama ndo basi yamekuwa vifaa vya mazoezi, nikamwambia Juni atayapata yote.

Katikati ya mwezi tulikuwa na msiba Marangu, matope, mabuti ya mvua, kupanda na kushuka mgombani kutwa nzima, kesho yake asubuhi kisigino kikawa kizito kuliko wiki nzima iliyopita. Nikatoa maharage, nikarudi uzito wa mwili peke yake siku chache mpaka asubuhi ikawa ya kawaida, nikarudisha. Hakuna haja ya kupanik, hali inapanda na kushuka hivyohivyo.

Kuna mwenzangu mpishi alikuja kujaribu kibao, nikamzuia kwanza nimshike. Maumivu yake yako palepale kano inaposhikana na mfupa, nyuma kabisa ya kisigino, na kuna kinundu kigumu ambacho kisigino cha buti kinakisugua. Hiyo ni ndugu yake lakini haitibiwi sawasawa. Akishusha kisigino chini ya kibao kano inakandamizwa kwenye mfupa na inazidi, yeye afanyie sakafuni, ashuke mpaka usawa tu asipitilize. Tumemkatia pia vipande viwili vya kandambili akaweka ndani ya viatu vyote viwili chini ya kisigino, na buti alilonunua soko la mitumba la Memorial tumelilainisha pale nyuma kwa kulipondaponda na nyundo. Anasema nafuu aliisikia mapema, ila nimemwambia bado aende akaonwe.

Juni

Hatua za kwanza asubuhi sasa ni karibu kawaida, nikibana bado kuna sehemu inauma kidogo na ule unene haujaisha, fizio anasema unaweza kubaki muda mrefu hata nguvu ikiwa imerudi kwa hiyo nisiutumie kama kipimo. Kipimo ni kusimama mguu mmoja ukapanda kwa vidole mara nyingi uwezavyo bila kuyumba, ulinganishe na mguu wa pili, lengo karibu 25. Wa kushoto unaukaribia wa kulia, unachoka mapema kidogo tu.

Juzi nilipeleka wageni wa siku moja kambi ya Mandara, kutoka geti la Marangu mpaka mita 2,720 na kurudi. Kupanda hakuna shida kabisa. Kushuka zile ngazi za mizizi nilikuwa naisikiliza kila hatua, ilijaa joto karibu na geti, maumivu yakafika mbili au tatu kati ya kumi, asubuhi iliyofuata ikawa imetulia. Imefaulu.

Zoezi siachi, fizio kasema sizoni ikianza nifanye mara tatu kwa wiki na uzito mkubwa zaidi, siku za mlimani nisifanye kitu mlima unatosha. Nimeomba Julai nipangwe njia ya Machame ya siku saba badala ya sita ili kuwe na siku ya kupumua kati, na baina ya trip na trip nipewe nafasi. Ofisini wamekubali ya Julai, ya Agosti bado tunaongea.