"Unasali?"

Leo siku ya kumi na moja na bado neno moja halijanitoka kichwani. Mliosoma nilichoandika Ijumaa ile mnajua bibi katutoka, na mliopiga simu na mlioleta ubani Mungu awalipe. Hitma imeshasomwa, yote alhamdulillah, ila mie nikifumba macho nasikia tu, "We mwanangu, unasali?"

Ndo hilo tu. Sote wanawake wa huku tunajua ukiulizwa hivo hakuna anayetaka habari za swala, unaulizwa kama uko kwenye siku zako.

Ngoja niieleze ilivyokuwa maana kila nikimhadithia mtu naona naruka kitu. Ilikuwa siku ya kumwosha bibi, uani kwake Ngamiani, kama saa tano asubuhi. Mashuka na khanga zimeshazungushwa, mfuo wa kupokea maji umeshachimbwa, kitanda kimewekwa juu yake, majani ya mkunazi yametwangwa yametiwa kwenye ndoo mpaka maji yanatoa povu, kafuri iko pembeni kwenye kikaratasi. Bi Saumu mwosha kakunja mikono ya gauni. Mama mkubwa kasimama kichwani. Binti yangu Nasra kawekwa nje ya pazia kashika chupa ya marashi, ile ya kijani, kaibana kwa mikono miwili kama mtu kapewa mtoto mchanga. Na mie nimekuja na chanuo cha bibi, kile cha mti kilichovunjika jino moja, nimekifunga kwenye pindo la khanga.

Kwa nini chanuo, mnajua. Miaka sita hii kila Alhamisi nikitoka kazini nilikuwa napita kwake nampaka mafuta ya nazi namsuka. Alikuwa ananiambia, "Kichwa changu hiki usije ukamwachia mtu, weye ndo unakijua." Na kweli nakijua, upande wa kushoto nyuma ya sikio nywele zilikatika zikabaki kama za mtoto, ukivuta anaumia, inabidi uanzie katikati ndo uzikusanye taratibu. Na maiti ya mwanamke nywele zake zinasukwa mikia mitatu zinalazwa nyuma. Nilijua hiyo kazi ni yangu. Sikuwaza kwamba kuna mtu ataniuliza kitu.

Bi Saumu akaniangalia akasema, "We mwanangu, unasali?" Nikasema, "Sisali." Nilisema haraka hivohivo, kama mtu anayetaja jina lake. Akanyamaza. Mama mkubwa ndo akasema, na wala hakusema kwa ukali, hilo ndo linaniuma zaidi, "Basi toka mwanangu, waache wanaosali, usimchafulie bibi yako safari." Nikatoka. Nikapita pembeni ya Nasra na chupa yake, nikaenda jikoni kwenye masufuria, nikakaa pale nasikia kata inachota, maji yanamwagika, yanaingia kwenye mfuo, kata inachota tena, nikawa nahesabu, sijui nahesabu nini.

Usiku nikilala ndo napata majibu. Nasema nasali. Au namwambia Bi Saumu, kwani kuna ubaya gani? Au nampa mtu chanuo namwambia upande wa kushoto anzia katikati, hata hilo sikusema, chanuo nimeondoka nacho mpaka leo kiko kwenye droo. Halafu narudi mwanzo, unasali, sisali, toka.

Nisieleweke vibaya maana najua kuna watakaosema huyu sasa anataka kubadilisha dini. Sitaki. Siku zangu zikiingia siswali na sifungi, saumu nazilipa swala silipi, ndo alivyojibu Bi Aisha mwenyewe, mke wa Mtume, alipoulizwa na yule mwanamke kwa nini tulipe saumu tusilipe swala. Hata yeye Aisha, walipokuwa njiani kwenda hija, walipofika Sarif, karibu na Makka, hedhi ikamjia akakaa analia, Mtume (s.a.w.) akamkuta akamwambia hili ni jambo Mwenyezi Mungu kawaandikia mabinti wa Adamu, fanya yote anayofanya mwenye kuhiji ila usitufu Al-Kaaba mpaka utoharike. Kamkataza kimoja kamwachia vyote vingine. Kamkuta analia akamwambia maneno ya kumtuliza. Mimi hapo ndo napotaka kufika, kwamba kuna udhuru na kuna uchafu, na sisi tumevichanganya tukavitia ndoo moja.

Udhuru ni kitu unachopewa, kama msafiri anavyopunguziwa rakaa, hakuna anayemwambia msafiri kakae jikoni. Damu ndo najisi, mwanamke si najisi. Kuna ile hadithi ya sahaba Abu Huraira alikutana na Mtume njiani naye ana janaba, ile hali ya kudaiwa josho, akajipenyeza akaondoka akaenda kuoga, aliporudi akaulizwa ulikuwa wapi, aliposema sababu akaambiwa subhanallah, muumini hanajisiki. Na ile ya mkeka, Mtume akamwambia Aisha nipe ule mkeka kutoka msikitini, Aisha akasema nina hedhi, akamjibu hedhi yako haiko mkononi mwako. Haiko mkononi mwako! Mimi kazi yangu ni damu, nyote mnajua, asubuhi mpaka mchana niko maabara natoa damu za watu na kuzipima, ikimwagika mezani nafuta kwa klorini, nabadilisha glavu, nanawa, meza inaendelea kuwa meza.

Nikaenda kumuuliza ustadhati wetu wa darsa ya Jumanne, nikamwambia nataka jibu la kitabu, sitaki la kunipoza. Akaniambia Imam Nawawi kwenye kitabu chake Majmuu kaandika wazi kwamba katika madhehebu yetu ya Shafii mwenye janaba na mwenye hedhi wanaosha maiti bila karaha yoyote, na wako wa zamani waliochukia, Hasan wa Basra na Ibn Sirin kawataja kwa majina. Kwa hiyo mama mkubwa hakulitoa hewani, kuna watu waliliona hivo, ila sio hukumu tunayoifuata sisi. Halafu akanipa jingine ambalo nimetembea nalo wiki nzima. Anayesimulia jinsi binti wa Mtume alivyooshwa, kwa maji na mkunazi, mara tatu au tano au zaidi mkiona haja, mwisho kafuri, na nywele zikasukwa mikia mitatu, ni Ummu Atiyya. Na anayesimulia kwamba siku ya Idi wanawake waliamrishwa watoke wote mpaka wenye hedhi, waje washuhudie kheri na dua za waislamu ila wakae kando na pa kuswalia, ni huyohuyo Ummu Atiyya. Mtu mmoja. Mikono iliyosuka ile mikia mitatu ndo iliyotuachia habari kwamba wenye hedhi nao waitwe uwanjani.

Akaniambia pia kwenye ile aya ya 222 ya Al-Baqara, neno ambalo watu wanalikimbilia kusema "uchafu", Kiarabu chake ni adhaa, udhia, na neno hilohilo liko nyuma kidogo, aya ya 196, kwa aliye kwenye ihramu ya hija au umra akawa na udhia kichwani, sababu yake sahaba mmoja alikuwa na chawa wanamwanguka mpaka usoni. Yule hakuna aliyemwita mchafu, aliambiwa anyoe alipe fidia. Na ile ya 222 yenyewe ilishuka kwa kuwa Mayahudi wa Madina mwanamke akiwa na hedhi walikuwa hawali naye wala hawakai naye nyumbani, masahaba wakauliza, wakaambiwa fanyeni kila kitu isipokuwa kuingiliana. Yani aya imekuja kumrudisha mwanamke ndani, sisi tunaisoma kumtoa nje.

Nilimhadithia na Neema tunayekaa naye dirisha moja kazini. Yeye ni wa kanisani, akasema kwao hakuna anayekuuliza mlangoni lakini mama yake mpaka leo siku zake zikiwepo haendi meza ya Bwana, na hakuna aliyemkataza. Akanifungulia Walawi sura ya 12, aliyezaa mtoto wa kiume siku 7 kisha 33, aliyezaa wa kike siku 14 kisha 66, mara mbili kamili. Akauliza kwa sauti ndogo, mtoto wa kike kafanya nini? Halafu akanisimulia yule mwanamke aliyetokwa damu miaka 12 akapenya katikati ya watu akagusa vazi la Yesu kwa nyuma, alivyokuwa anatetemeka alipotakiwa ajitaje. Neema alipofika hapo akalia. Tukalia wote wawili na foleni ya wagonjwa iko nje.

Nilidhani hapo nimemaliza. Sasa Jumamosi.

Nimeamka alfajiri kwenda kuchota maji kwenye tangi, nyuma yake nikakuta ndoo ndogo imefunikwa na sinia. Nikafunua. Khanga ya Nasra, ile ya kulalia, imelowekwa, maji yamekuwa mekundu mepesi. Miaka 12 na miezi minne. Nikabaki nimechuchumaa pale. Mie nilimwandaa kila kitu mwaka mzima, pedi ziko kabatini kwake, nimemweleza na michoro, halafu mtoto kaenda kujificha nyuma ya tangi usiku kwenye giza.

Nikamfuata nikamkuta hajalala. Nikamuuliza kwa nini hukuniamsha? Akageukia ukutani akasema, "Nilidhani nitaambiwa nitoke."

Sikuweza kusema kitu kwa muda. Nikaingia kitandani nikamkumbatia kwa nyuma, nikamwambia hadithi ya mkeka. Kisha ya Sarif. Kisha nikamwambia yangu mie, kwamba siku yangu ya kwanza nilikuwa kwa bibi, na bibi alinifunga khanga mpya, akanikalisha kwenye mkeka wake wa kuswalia, mkeka wake kabisa, akaniambia leo malaika wako wameanza kuandika, weye sasa si mtoto wa kuombewa, jiombee. Akanifundisha namna ya kuoga na nia yake. Nasra akageuka. Akauliza, "Wameanza kuandika na mimi?" Nikamwambia ndio. Akafikiri, akasema, "Basi wameandika na ile ndoo." Tukacheka, wallahi tulicheka mpaka baba yake akaja mlangoni kuuliza kuna nini nikamfukuza.

Mchana nikachukua chanuo, nikasema naenda kwa Bi Saumu, lazima nijue. Sikwenda kugombana. Nikamkuta anachambua mchele, akanisogezea kiti. Nikamuuliza kwa heshima, bi, siku ile kwa nini uliniuliza vile? Hakushangaa. Akasema, "Mie mwanangu nimefunzwa niulize. Kila nikiosha nauliza." Nikasema ulifunzwa na nani. Akaacha mchele akaniangalia. Akasema, "Na bibi yako."

Bibi ndo aliyemfundisha kuosha. Miaka hiyo walikuwa wanatoka wawili, bibi mwosha, Saumu bado msichana anashika ndoo, na siku zake zikiwepo bibi alikuwa anamwambia leo baki. Bibi yangu huyohuyo wa mkeka. Sasa sijui niweke wapi hilo. Nimekaa siku zote hizi namkasirikia mama mkubwa kwa jambo ambalo pengine bibi mwenyewe angelisema, na vilevile najua mikono yake ilivyonifunga ile khanga. Yote mawili ni yake. Sijamwambia Nasra.

Nilipoinuka Bi Saumu akanishika mkono akasema, "Mikia nilimsuka. Ila ule wa kushoto ulinikataa, nywele zinateleza, nimeusuka ovyo. Nikawa nasema laiti yule mtoto angekuwepo." Nikampa chanuo akishike. Akakipitisha kidole kwenye lile jino lililovunjika akanirudishia.

Nimeandika haya Nasra kalala, chupa ya maji moto iko tumboni kwake.