Gari lilikuwa linazima lenyewe: nilivyobadilisha swichi ya ufunguo nyumbani

Dalili ya kwanza ilikuwa redio. Inazima, inawaka, inazima tena, hasa barabara ikiwa na mashimo. Baadaye feni ya ndani ikafuata mkumbo huo. Kisha ikaja hii: nazungusha ufunguo kupiga starta, kimya kabisa, hata ule mlio mdogo wa rilei (swichi ndogo inayoamshwa na umeme) sisikii, narudisha ufunguo, nazungusha tena, injini inawaka vizuri kabisa. Nilikuwa nimeshaanza kuchunguza taratibu, lakini siku taa zote za dashibodi zilipozima gari likiwa kwenye mwendo, injini ikakata na kurudi yenyewe papo hapo, nililiegesha na sikuliendesha tena hadi nilipomaliza kazi.

Nasisitiza hapo kwa sababu watu wengi huishi na tatizo hili kwa miezi wakitikisatikisa ufunguo. Injini ikizima kwenye mwendo, usukani wa pawa unakuwa mzito ghafla, na breki inabaki na nguvu ya kusaidiwa kwa kukanyaga mara chache tu. Baada ya hapo unakanyaga kitu kigumu kama jiwe. Mwaka 2014 General Motors ya Marekani iliyaita magari kama milioni 2.6 yarudishwe kurekebishwa, yakiwemo Chevrolet Cobalt na Saturn Ion, kwa sababu ya swichi hii hii. Ilikuwa nyepesi mno kuzunguka, kiasi kwamba mtikisiko au uzito wa funguo uliweza kuirudisha kutoka ON (hatua ya kuendeshea) hadi ACC (hatua ya redio na vifaa vidogo) gari likiwa linatembea. Injini inazima, na mifuko ya hewa haifumuki ajali ikitokea. Mfuko wa fidia wa kampuni hiyo ulikubali madai ya vifo 124, na mwaka 2015 kampuni ikakubali kulipa dola milioni 900 kumaliza kesi ya jinai. Ubovu wa swichi yangu ulikuwa wa aina nyingine, lakini kwa aliyeshika usukani matokeo ni yale yale.

Kilichonisaidia kuliko vyote ni kuelewa kwamba pale tunapochomeka ufunguo kuna vitu viwili. Mbele kuna loki, ya chuma, inayotambua meno ya ufunguo na kufunga usukani. Hiyo haina umeme. Nyuma yake kuna swichi yenyewe, kiboksi cha plastiki chenye soketi na nyaya, kinachozungushwa na ulimi unaotoka kwenye loki. Ufunguo ukikwama, ukigoma kuingia au ukizunguka kwa shida, tatizo ni loki. Ufunguo ukizunguka vizuri lakini umeme unakuja na kwenda, itazame swichi ya nyuma. Nimeona watu wakinunua loki nzima, wanaishia na funguo mbili, moja ya milango na moja ya kuwashia, au gari linakataa kuwaka kwa sababu imobilaiza (mfumo wa kuzuia wizi) haiitambui chipu ya ufunguo mpya, wakati kilichokufa ni kiboksi cha plastiki.

Kitu kingine ni njia ya umeme. Mota ya starta haipati umeme wake kupitia swichi. Inavuta ampea mia na zaidi moja kwa moja kutoka kwenye betri kwa waya mnene. Swichi inatuma tu umeme mdogo wa kuamsha rilei au solenoidi (sumaku ya umeme ya starta). Mzigo mkubwa uko kwenye ON, kwa sababu huko ndiko kunakolishwa feni, waipa, vifaa vya injini na mengine mengi, saa zote gari linapotembea. Ndiyo maana sehemu hiyo ndiyo mara nyingi huungua kwanza.

Nilimpigia simu fundi umeme ninayemwamini, nikamweleza.

"Bosi, usinunue kitu bado," akaniambia. "Washa, uache kwenye ON, halafu tikisa ufunguo taratibu bila kuuzungusha. Taa za dashibodi zinacheza?"

"Zinacheza, fundi."

"Basi shida iko hapo hapo. Ila pima kwanza. Na upime feni ikiwa inafanya kazi, usipime kavu."

Maneno hayo ya mwisho yana uzito. Kabla ya kugusa usukani niliondoa washukiwa wengine: betri iliyotulia usiku kucha ilisoma volti 12.6, vichwa vyake nilivisafisha na kuvikaza, fyuzi za kuwashia zilikuwa nzima. Gari langu ni la otomatiki, kwa hiyo nilijaribu pia kupiga starta gia ikiwa N (gia huru), kwa sababu swichi ya gia ikichoka inaweza kuzuia starta kwenye P (ya kuegesha) na kuruhusu kwenye N. Haikuleta tofauti.

Nikafungua kifuniko cha chini cha usukani, nikaiacha soketi ikiwa imechomekwa, na kuingiza ncha nyembamba za mita ya umeme kwa nyuma, pale nyaya zinapoingia. Ncha moja kwenye waya unaoleta umeme kutoka kwenye betri, nyingine kwenye waya unaotoka ufunguo ukiwa ON. Ukipima hivi, mita haikuonyeshi volti za betri. Inakuonyesha volti zinazopotea ndani ya swichi. Swichi nzima hupoteza kidogo sana, chini ya 0.2. Feni ikiwa imezimwa, yangu ilisoma karibu sifuri, na mtu angeweza kusema haina neno. Nilipowasha feni kwa nguvu zote na waipa, namba ikapanda hadi volti 2.3, na nikigusa ufunguo ikawa inarukaruka.

Hapo sikuwa na shaka tena. Volti 2.3 zikipotea kwenye ampea 10 ni wati 23 za joto, karibu sawa na pasi ndogo ya kulehemu nyaya, na joto hilo lote liko ndani ya kiboksi cha plastiki chini ya usukani. Kupima bila mzigo kunadanganya, kwa sababu hata kipande kidogo cha shaba kilichobaki kinagusa kinatosha kupitisha umeme unaohitajiwa na mita. Umeme mwingi ukidaiwa ndipo kinaposhindwa.

Wapo wanaokwepa kazi hii kwa kufunga kitufe cha kupigia starta pembeni ya dashibodi. Mimi sikubaliani nalo kabisa. Kitufe kinatibu starta tu. Ile sehemu ya ON inayoungua inaendelea kuungua.

Kwenye duka la spea nilikwenda na namba ya chesisi pamoja na picha ya swichi: upande wa soketi, ili pini zihesabiwe, na ubavuni penye namba yake. Swichi mbili zinaweza kufanana sura lakini pini zikapangwa tofauti. Nilipofika nyumbani, kabla ya kuifunga niliizungusha mpya kwa bisibisi bapa, mita ikiwa kwenye mlio (inalia pini zikiunganika), nikahakikisha kila hatua, ACC, ON na START, inaunganisha pini zinazotakiwa, na kwamba ikiachiwa kutoka START inarudi yenyewe ON. Springi hiyo isiporudisha, starta itaendelea kuzunguka na injini imeshawaka, na utaiua.

Kuhusu usalama nitasema bila kuzunguka. Ndani ya usukani kuna mfuko wa hewa wenye baruti. Nilinyoosha matairi, nikavuta breki ya mkono, nikatoa ufunguo, nikachomoa kichwa hasi cha betri kwa spana ya 10 na kukifunga kitambaa kisirudi kugusa. Kisha nikasubiri. Mfumo wa mfuko wa hewa hubaki na chaji hata betri ikichomolewa. Vitabu vya magari mengi hutaka angalau sekunde 90, mimi nikaacha dakika kadhaa. Soketi za manjano ni za mfuko huo: sikuzichomoa wala kuzigusa kwa mita. Na usukani wenyewe haukuhitaji kutolewa.

Kubadilisha kwenyewe ndiko kulikokuwa kwepesi. Usukani niliushusha hadi chini kwa wenzo wake ili mkono upate nafasi. Kifuniko cha chini kilikuwa kimeshatoka. Cha juu kinashikiliwa na vibanio vya plastiki, na plastiki iliyokaa juani miaka mingi haitaki haraka, kwa hiyo nilianzia kwenye kona na kubinya taratibu. Soketi ina ulimi wa kubonyeza. Unabonyeza na kuvuta soketi, si nyaya. Swichi yangu ilishikwa na skrubu mbili ndogo. Nilitandika kitambaa chini kwa sababu skrubu ikidondoka kwenye pedali utaitafuta hadi ukate tamaa. Moja ilikuwa imeganda. Hapo dawa ni bisibisi nyota fupi inayokaa sawasawa kwenye kichwa, kusukuma kwa nguvu na kuzungusha polepole. Ukiruhusu iteleze mara moja, kichwa kimeharibika. Kwenye magari mengine nyumba ya loki hufungwa kwa bolti zilizokatwa vichwa makusudi ili mwizi asizifungue. Kama swichi yako haitoki bila kuzigusa hizo, mpe fundi mwenye vifaa vya kuzitoboa.

Kabla ya kuingiza mpya nilikagua soketi ya gari kwa tochi, na ningemwomba kila mtu asiruke hatua hii. Swichi iliyokuwa inachemka huipikia joto soketi pia: plastiki inageuka rangi ya kahawia, na vishikio vya ndani vinapoteza ukakamavu wake. Ukifunga swichi mpya kwenye soketi iliyolegea, itaungua kama ile ya zamani. Yangu ilikuwa imefifia kidogo kwenye tundu moja. Nikaipuliza dawa ya kusafishia viunganishi vya umeme, nikaiacha ikauke, kisha nikajaribu kila tundu kwa pini moja ya kipimo kile kile: inatakiwa iingie kwa kubana na itoke kwa kuvutwa. Zote zilibana.

Swichi mpya inaingia tu pale mfereji wake unapolingana na ulimi wa loki. Loki ikiwa LOCK, swichi nayo iwe LOCK. Ikikataa, usiikaze kwa skrubu ili ijiingize. Itoe, igeuze mfereji kwa bisibisi, irudishe. Ilipokaa, niliisikia ikigusa chuma pande zote, ndipo nikafunga skrubu.

Vifuniko nilivirudisha mwisho kabisa. Kwanza nilirudisha betri na kujaribu. ACC, redio. ON, taa zote za tahadhari zikawaka, na ile ya mfuko wa hewa ikawaka kisha ikazima kama inavyotakiwa. START, injini ikashika, nikaachia ufunguo ukarudi wenyewe. Nikazima, nikatoa ufunguo, nikageuza usukani ukajifunga. Halafu nikarudia kile kipimo cha feni na waipa: 0.06. Nikatikisa ufunguo kwa makusudi, namba haikusogea.

Ile ya zamani niliibandua vibanio vyake mezani, maana nilitaka kuona kwa macho. Grisi ndani ilikuwa nyeusi, imekauka na kukatika vipandevipande. Vibati vya shaba vya ACC na START vilikuwa bado vinang'aa, vina mikwaruzo ya kawaida. Cha ON kilikuwa na shimo upande mmoja, kingo zake zimepinda juu, na plastiki iliyokishika imevimba kiasi kwamba kibati kilikaa mshazari. Kilikuwa kinagusa kwa ncha tu. Ukikisukuma kidogo kwa kidole kinaacha kugusa, na ndicho ambacho kila shimo la barabarani lilikuwa linafanya.

Kuchomoa betri kunaacha kazi ndogondogo: saa, stesheni za redio (redio nyingine hudai namba ya siri, itafute kabla hujachomoa), na dirisha la dereva linalopanda kwa mguso mmoja, ambalo kwangu lilihitaji kupandishwa hadi juu na kitufe kushikiliwa sekunde chache ndipo likakumbuka. Kwenye ufunguo wa gari sasa kuna rimoti yake tu. Funguo za nyumba, kufuli la geti na kile kifungua chupa nimevihamishia kwenye pete nyingine.