Nilivyojifunza kurusha ndege ndogo milimani

Nilianza kujifunza kuruka milimani nikiwa tayari na leseni na saa nyingi za kuruka tambarare, na karibu kila nilichozoea kukifanya bila kufikiri kilibidi nikifikirie upya. Tambarare kuna nafasi ya kujirekebisha. Chini kuna mahali pa kutua, mbele kuna anga tupu, na injini ina nguvu ya akiba. Milimani nafasi hiyo huliwa na vitu vitatu kwa mpigo: hewa nyepesi, upepo usioonekana, na ukuta wa mawe.

Mwalimu wangu, mama mmoja mtulivu aliyezeekea katika kazi hii, alikuwa na swali moja alilonirudia katika kila somo: "Ukikataa sasa hivi, unatokea wapi?" Hakutaka nianze kutafuta jibu. Alitaka niwe nalo tayari mdomoni. Nikisitasita, aliniambia nigeuze, hata kama mbele kulikuwa kweupe kabisa.

Siku za mwanzo hatukuruka. Tulikaa mezani na kitabu cha ndege, kalamu na kikokotoo, nami nikawa nanung'unika kimoyomoyo kwa sababu nilikuja kuona vilele, sio kupiga hesabu. Leo hesabu hizo ndizo ninazozithamini kuliko somo lolote lililofuata.

Ndege haijui uwanja uko juu kiasi gani. Inachojua ni uzito wa hewa inayopita kwenye bawa. Katika anga sanifu, yaani anga ya wastani ambayo marubani huitumia kulinganishia, joto la usawa wa bahari ni nyuzi 15 za Selsiasi, na hupungua karibu nyuzi 2 kwa kila futi 1,000 unazopanda. Hewa ikiwa na joto kuliko kipimo hicho, ndege huruka kama iliyo juu zaidi, kwa takriban futi 120 kwa kila nyuzi moja iliyozidi. Chukua uwanja ulio futi 6,000. Joto sanifu la hapo ni nyuzi 3. Mchana wa nyuzi 28 umezidisha nyuzi 25, yaani futi 3,000, kwa hiyo unapaa kana kwamba uwanja uko futi 9,000. Injini isiyo na turbo hupoteza karibu asilimia 3 ya nguvu kwa kila futi 1,000. Robo ya nguvu na ushei imekwenda kabla hujaachia breki. Pangaboi nalo linavuta hewa nyepesi, na bawa linadai kasi kubwa zaidi juu ya ardhi ndipo likubali kubeba.

Kisha zikaja hesabu za urefu wa uwanja. Mamlaka ya usafiri wa anga ya Uingereza huwapa marubani wa ndege ndogo vizidishio vya kukadiria umbali wa kupaa, na mwalimu alinikaririsha kama mtoto wa shule. Uzito ukiongezeka asilimia 10, zidisha kwa 1.2. Kila futi 1,000 za mwinuko, 1.1. Joto likipanda nyuzi 10, 1.1. Nyasi kavu 1.2, nyasi zenye maji 1.3, uwanja unaopanda kwa asilimia 2, 1.1. Jambo ambalo wengi hulipuuza ni kwamba namba hizi huzidishana zenyewe kwa zenyewe, hazijumlishwi. Ndege inayohitaji mita 450 kwenye lami ya usawa wa bahari, ukiipeleka futi 5,000, joto likazidi nyuzi 10, juu ya nyasi kavu, itataka kama mita 957. Ongeza kizidishio cha tahadhari cha 1.33 wanachopendekeza wenyewe, unafika mita 1,270 na zaidi. Uwanja wenye mita 1,000 unaoonekana mrefu ukiwa umesimama mwanzoni mwake, kwa siku hiyo ni mfupi. Unashusha mzigo, unamshusha abiria, au unangoja baridi ya asubuhi.

Tulikuwa tunautembea uwanja kwa miguu kabla ya kupaa, tukapanda kijiti chenye kitambaa katikati yake. Ndege ikifika pale haijapata asilimia 70 ya kasi ya kuinuka, nguvu ya injini inaondolewa na breki zinakanyagwa, bila majadiliano. Napenda kanuni hiyo kwa sababu uamuzi unafanywa ukiwa umesimama, kichwa kimetulia. Halafu kuna mchanganyiko wa hewa na petroli. Tambarare tulizoea kupaa mkono wa mchanganyiko ukiwa umesukumwa mpaka mwisho, lakini kwenye uwanja wa juu injini ya kawaida ikipewa petroli yote hiyo inasongwa. Unapunguza petroli taratibu injini ikiwa inanguruma kwa nguvu, mpaka uone mizunguko imefika kileleni, ndipo unapaa.

Angani, somo la kwanza lilikuwa kuvuka mgongo wa mlima. Hatukuwahi kuuendea uso kwa uso. Tuliukaribia kwa mshazari wa nyuzi 45, ili tukiamua kuacha, kugeuka kidogo tu kutupeleke kwenye bonde tulikotoka. Ukiuendea moja kwa moja unahitaji kugeuka nusu duara, na nusu duara hula nafasi ambayo huenda huna. Upepo ukiwa mdogo tulivuka tukiwa futi 1,000 juu ya kilele, na ukiwa na nguvu futi 2,000, na kimo hicho tulikipata mapema, mbali na mlima. Kuusogelea mlima huku unapanda ukitumaini utatosha ni tabia ambayo mwalimu hakuivumilia hata mara moja.

Sababu ni upepo wenyewe. Hewa hupita juu ya milima kama maji ya mto yanavyopita juu ya mwamba: upande unaopigwa hupanda, upande wa demani, ule uliofichika upepo, huporomoka na kujiviringisha. Miporomoko ya futi 1,500 hadi 2,000 kwa dakika upande huo si jambo la ajabu, na ndege ndogo iliyo juu na imebeba watu pengine inapanda futi mia tatu tu kwa dakika. Hapo kuvuta pua juu hakusaidii kitu. Unachofanya ni kulinda kasi, kugeukia ardhi iliyo chini zaidi, na kuuacha mkondo ule ukupite. Mara ya kwanza kukutana nao mikono yangu ilitaka kuvuta usukani yenyewe. Mwalimu alisema tu, "Kasi, mwanangu, kasi kwanza," na ndege ikatoka kwenye mporomoko baada ya muda ambao kwangu ulikuwa mrefu.

Kuna hila moja ya macho ninayoitumia kila ninapovuka. Tazama nchi iliyo nyuma ya mgongo wa mlima. Ikizidi kujitokeza, una kimo cha kutosha na mwelekeo ni mzuri. Ikianza kumezwa na mgongo, unashuka kuliko unavyodhani, na ndio wakati wa kugeuka. Hila hiyo haihitaji umeme wala betri.

Siku nyingine tulisoma mawingu tukiwa chini. Mawingu laini, mapana katikati na membamba pembeni, yanayosimama palepale ingawa upepo ni mkali, yanatangaza mawimbi makubwa ya hewa nyuma ya mlima. Yakiwapo, na chini yake kuna vipande vya mawingu vilivyochanika vinavyojizungusha, tunafunga ndege kwa kamba na kwenda kunywa chai.

Somo lililonichukua muda mrefu kuliko yote ni la kugeuka ndani ya bonde, na hapa nitakaa kidogo. Nusu kipenyo cha mgeuko hukua kwa mraba wa kasi. Ukilaza ndege nyuzi 30 kwa noti 60, yaani maili 60 za baharini kwa saa, unahitaji kama mita 170 kutoka katikati ya duara hadi ukingoni. Kwa noti 90, kama mita 380. Kasi imeongezeka kwa nusu, nafasi imezidi mara mbili. Juu ya hayo, hewa nyepesi hudanganya. Kipima kasi kikisoma noti 70 mahali ambapo hewa ni ya futi 9,000, kasi yako halisi ni karibu 80, na duara la nyuzi 30 ambalo chini lingekuwa na upana wa mita 460 linataka 600. Kipima kasi kinasoma vilevile, bonde ndilo limekuwa jembamba.

Kwa hiyo tulijizoeza kuingia bondeni tukiwa tumeshapunguza mwendo, flapu, vile vibao vya nyuma ya bawa vinavyoisaidia ndege kuruka polepole, zikiwa zimeshushwa kiasi, na tukienda ubavuni badala ya katikati. Wageni wengi hupenda katikati kwa kuona ndiko mbali na mawe pande zote. Ukiwa katikati umejinyima nusu ya nafasi ya kugeukia. Tulichagua ubavu unaopigwa na upepo, maana huko hewa inapanda, na ukigeuka unaugeukia upepo, nao unapunguza eneo unalofagia juu ya ardhi. Pia tulilifuata bonde kutoka juu kwenda chini kila ilipowezekana. Bonde usilolijua likipandishwa kutoka mdomoni, sakafu yake inaweza kuinuka haraka kuliko ndege inavyoweza kupanda.

Kishawishi kikubwa, ukuta ukikaribia, ni kuilaza ndege zaidi na kuvuta. Kwa nyuzi 60 ukilinda kimo, uzito unaobebwa na bawa unakuwa mara mbili na kasi ambayo bawa huacha kubeba inapanda kwa asilimia 41. Mtu anakwepa mwamba na kuanguka kwa sababu ya kule kukwepa. Tuliurudia mgeuko huo juu sana, mahali peupe, tukichukua barabara fulani kuwa ukuta mmoja na mto kuwa ukuta wa pili, mpaka mwili ukaujua.

Macho nayo yalihitaji kufundishwa upya. Bondeni hakuna upeo wa macho wa kweli. Ardhi ikiinuka polepole mbele, mtu huinua pua aifuate bila kujua, na kasi inapungua kimyakimya. Nilizoea kurudi kwenye kipima kasi kila baada ya pumzi chache.

Viwanja vya mteremko nilivifikia mwishoni. Darasani tuliutazama uwanja wa Lukla kule Nepal: mita 527 za lami, mwinuko wa mita 2,845, mteremko wa karibu asilimia 12, ndege zikitua kuelekea mlimani na kupaa kuelekea bondeni. Vyetu vilikuwa vya nyasi na vya upole zaidi, ila mantiki ni hiyohiyo. Uwanja unaopanda hukufanya ujione uko juu mno, ukashuka mno, ukafika chini ya mwanzo wake. Na kwa kuwa mwishoni kuna mlima, kuna sehemu angani ambayo ukiipita huwezi tena kuahirisha kutua. Tuliitaja kwa sauti kabla ya kuifikia: "Mti ule mkubwa." Kabla ya mti tuko huru. Baada ya mti tunatua. Ukishagusa ardhi, usiondoe nguvu yote ya injini, maana kusimama katikati ya mteremko ni taabu nyingine.

Ratiba ndiyo ilibadilisha maisha yangu zaidi kuliko usukani. Safari za milimani zinaanza alfajiri na kuisha kabla ya adhuhuri, kwa sababu jua likishapasha kuta za mabonde, pepo zinaamka na hewa inapoteza uzito. Ukichelewa kurudi, unalala huko. Simbebi mtu mwenye miadi jioni ile.

Vilevile nyikani hakuna wa kukuona ukianguka. Satelaiti za Cospas-Sarsat, mfumo wa kimataifa wa uokoaji, ziliacha kusikiliza ishara za dharura za megahezi 121.5 tangu tarehe 1 Februari 2009. Kifaa changu ni cha megahezi 406, ambacho hutuma pia utambulisho wa ndege. Maji kidogo, kiberiti, filimbi, kisu na kioo cha kuakisi jua viko kwenye mifuko ya koti nililovaa, kwani begi la nyuma linaweza kubaki kwenye moto. Mtu mmoja chini ana ramani ya njia yangu na saa ya kupiga simu nisipofika. Kuhusu oksijeni, sheria ya Marekani humtaka rubani aitumie baada ya dakika 30 kati ya futi 12,500 na 14,000. Mimi naivaa kuanzia 10,000, kwani kifaa cha kupimia oksijeni ya damu kidoleni kilinionyesha mapema kwamba damu yangu haingoji sheria.

Mwalimu aliniruhusu niende peke yangu baada ya asubuhi moja ambayo niligeuza ndege mbele ya pengo la mlima ambalo yeye, alikiri baadaye, angelipita. Hakunisifu. Aliandika kwenye daftari langu na kuniuliza kama bado kuna chai.

Anayetaka kuanza amtafute mwalimu anayeruka kwenye milima ileile, ajifunze kwa ndege atakayoitumia, aanze msimu wa baridi, viti vya nyuma vikiwa vitupu. Mafuta yawe ya kwenda, ya kurudi bila kutua, na akiba. Zaidi ya hapo ni uzito tu, kwani kila lita ya petroli ya ndege ina kilo 0.72, na lita 50 zisizohitajika ni kilo 36 utakazozipandisha mlimani bure.